Aleksei Balabanov: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kila anayemaliza kutazama *Brat*, filamu ya Balabanov, huja na maswali yaleyale, na wengine huja wakiwa wamekasirika. Hapa yamekusanywa na kujibiwa. Majina ya filamu yameachwa kwa Kirusi kwa sababu ndivyo utakavyoyakuta unapozitafuta. Maana yake ya Kiswahili imewekwa kwenye mabano mara moja tu. Majibu yanayotaja mwisho wa filamu yana onyo.

## Mambo ya mwanzo

1. Balabanov ni nani?

Aleksei Oktyabrinovich Balabanov alikuwa mwongozaji na mwandishi wa filamu wa Urusi. Alizaliwa tarehe 25 Februari 1959 Sverdlovsk, mji wa viwanda kwenye milima ya Ural ambao leo unaitwa Yekaterinburg. Alifariki tarehe 18 Mei 2013 karibu na St. Petersburg, akiwa na miaka 54. Hilo jina la katikati linamtaja baba yake, Oktyabrin, aliyepewa jina kwa heshima ya Mapinduzi ya Oktoba. Mtoto wa mtu mwenye jina kama hilo ndiye aliyekuja kuonyesha Urusi ilivyokuwa baada ya mapinduzi yale kufika mwisho wake.

Wengi wanamjua kwa filamu mbili za ujambazi, *Brat* (Kaka) na *Brat 2*. Lakini aliacha filamu ndefu zaidi ya kumi, na nyingi kati ya hizo hazifanani kabisa na hizo mbili.

2. Alisomea wapi kazi ya filamu?

Hakuanza na filamu. Alisomea tafsiri katika chuo cha lugha za kigeni mjini Gorky (leo Nizhny Novgorod), akamaliza mwaka 1981. Akaingia jeshini kama afisa mkalimani, kazi iliyomfikisha Asia na Afrika. Alipotoka, akawa msaidizi wa waongozaji katika studio ya filamu ya Sverdlovsk kuanzia 1983 hadi 1987. Ndipo akaenda Moscow kwenye Kozi za Juu za Waandishi na Waongozaji wa Filamu, akahitimu 1990, na baadaye akahamia Leningrad, mji ulioanza tena kuitwa St. Petersburg mwaka 1991.

Binafsi naona ukalimani ulimjengea sikio. Wahusika wake husema sentensi fupi, kavu, kama watu wanaojua kwamba kila neno lao linaandikwa. Filamu zake za mwanafunzi zilijaa wanamuziki wa roki wa Sverdlovsk, marafiki zake, na urafiki huo ulikuja kumlipa vizuri (tazama swali la 7).

3. Nianze na filamu ipi?

Anza na *Brat* ya 1997. Ukiipenda, usikimbilie *Brat 2*. Nenda kwanza *Kochegar* (Mchochea tanuru) ya 2010, ambayo ni fupi na inabeba karibu kila kitu alichojua. Usianze na *Gruz 200*. Nimeona watu wakianza nayo kwa sababu wamesikia ni "kali", halafu hawamgusi tena Balabanov maisha yao yote. Sababu ziko swali la 13.

4. Miswada aliandika mwenyewe?

Mingi, ndiyo. *Brat*, *Brat 2*, *Voyna* (Vita), *Gruz 200* na *Kochegar* zote zimetoka kwenye kalamu yake. Nyingine alizijenga juu ya vitabu: *Schastlivye dni* (Siku za furaha, 1991) inatokana na maandishi ya Samuel Beckett, na *Zamok* (Ngome, 1994) ni riwaya ya Franz Kafka.

Pia alikubali maandishi ya wengine. *Mne ne bolno* (Siumii) ya 2006, hadithi ya mapenzi, haikuandikwa naye. *Morfiy* (Mofini) ya 2008 inatokana na hadithi za Mikhail Bulgakov, na mswada wake uliachwa na Sergei Bodrov mdogo, yule yule aliyeigiza Danila, mhusika mkuu wa *Brat*. Bodrov alikuwa ameshafariki miaka sita filamu ilipotoka.

## *Brat* na Danila Bagrov

5. *Brat* inahusu nini, na kwa nini ilivuma hivyo?

Kijana Danila anarudi kutoka jeshini kwenye mji wake mdogo. Akiulizwa alifanya nini huko, anasema alikuwa karani makao makuu. Mtazamaji anaanza kutilia shaka ukarani huo pale Danila anapokata chupa ya plastiki na kuifunga kwenye mdomo wa bunduki ili mlio usisikike. Mama yake anamtuma St. Petersburg kwa kaka yake mkubwa Viktor, ambaye familia inaamini ni mtu wa maana. Viktor ni muuaji wa kukodiwa, na hachelewi kumpa mdogo wake kazi zile anazoogopa kuzifanya mwenyewe.

Ili kuelewa kishindo chake, kumbuka hali ilivyokuwa. Umoja wa Kisovyeti ulivunjika 1991. Vita vya kwanza vya Chechnya, eneo la kusini mwa Urusi lililotaka kujitenga, vilianza Desemba 1994 na kuisha 1996, na vijana wakarudi nyumbani wakiwa wanajua kazi moja tu. Majumba ya sinema yalibaki matupu, mengine yakageuzwa maduka ya samani na magari. Filamu za Kirusi zilizotengenezwa zilikuwa chache, na watu walitazama kanda za Kimarekani. Ghafla inatokea filamu yenye mtaa wao, tramu yao, soko lao na muziki wao.

Ilipigwa haraka, kwa pesa kiduchu, na waigizaji wengi walikuwa marafiki. Kwa kweli Balabanov alikuwa na mswada mwingine mkononi, *Pro urodov i lyudey* (Kuhusu vituko na watu), ila fedha zake hazikupatikana, basi yeye na mtayarishaji wake Sergei Selyanov wakafanya ile iliyowezekana. Mwaka 1997 ilionyeshwa Cannes na ikachukua tuzo kuu ya tamasha la filamu la Kinotavr mjini Sochi.

6. Ni kweli lile sweta la Danila ni la mitumba?

Ni kweli. Lilinunuliwa mitumbani na Nadezhda Vasilyeva, mbunifu wa mavazi na mke wa Balabanov. Vijana wa Urusi bado wanalitafuta la kufanana nalo.

7. Muziki ule ni wa nani?

Wa Nautilus Pompilius, bendi iliyoanzia Sverdlovsk, na mwimbaji wake Vyacheslav Butusov anaonekana kwenye filamu kwa jina lake. Danila anatembea muda wote na kisahani chao cha muziki (CD) masikioni, na kuna wakati mashine hiyo ya muziki inamwokoa na risasi.

Tazama kwa makini sehemu moja. Danila na majambazi wawili wamejificha kwenye fleti wakimsubiri mtu wa kumuua. Anapanda ghorofa ya juu kuomba dawa ya kichwa, na mlango unafunguliwa na Butusov. Ndani kuna sherehe: wanamuziki wa kweli wa roki wamekaa, wanaimba, wanakunywa chai. Danila anakaa pembeni, kimya, kama mtoto aliyeingizwa sebuleni kwa wageni. Kisha anashuka kurudi kwenye bastola na mateka. Kati ya kuua na kuimba kuna ngazi tu, na Balabanov hasemi lolote kuhusu hilo. Tukio linafifia, skrini inakuwa nyeusi, linaanza jingine. Filamu nzima imekatwa hivyo, vipande vifupi vikizimika kimoja kimoja.

8. Danila ni shujaa au ni muuaji tu?

Ni vyote viwili, na filamu haikusaidii kuchagua. Anawapa wahitaji pesa, anamlinda mwanamke anayepigwa na mumewe, na hamuulizi mtu anayemuua jina lake. Kila anapojaribu kutengeneza jambo, kunabaki mtu ameumia zaidi. Sveta, dereva wa tramu aliyemwokoa, anapata kipigo kibaya kwa sababu ya kumjua. (Onyo: mwisho.) Danila anapokuja kumchukua waende zao, anakataa, anabaki na mume yule yule. Hata yule mchuuzi asiye na makao anayeishi makaburini, mtu mwenye busara kuliko wote humo, anazikataa pesa zake.

Watazamaji wengi wa Urusi walichukua upande wa shujaa wa Danila na kuuacha wa muuaji. Makosa mengi yanayosemwa kuhusu Balabanov yanaanzia hapo.

9. Na *Brat 2*?

Ilitoka mwaka 2000, ina pesa zaidi, vichekesho zaidi, na ilipigwa Moscow na Chicago. Danila anakwenda Marekani kumdai tajiri mmoja haki ya rafiki yake aliyekufa. Humo ndimo anatengeneza gobole kwa mabomba, misumari na vichwa vya kiberiti, na humo ndimo anauliza nguvu iko wapi, kisha anajibu mwenyewe kwamba nguvu iko kwenye ukweli. Msemo huo uliingia midomoni mwa taifa zima. Albamu ya nyimbo zake ilivuma peke yake, ikiwa na bendi na waimbaji wa roki kama Bi-2, Zemfira, Splin na Agata Kristi.

Kama filamu inachekesha na inakwenda mbio. Kama kazi ya Balabanov naiweka chini ya ile ya kwanza, kwa sababu ya swali la 11.

## Swali la rangi

10. Mimi ni Mwafrika. Naweza kuitazama *Brat 2* bila kukereka?

Sidhani. Weusi wa Chicago humo ni makuwadi, wahuni au wazururaji wanaokula kwenye jalala, na maneno wanayoitwa ni ya matusi. Yupo mtangazaji wa televisheni, Lisa Jeffrey, mwanamke mweusi mwenye kazi na nyumba nzuri, anayemgonga Danila kwa gari kisha wakawa wapenzi kwa siku moja. Wapo wanaomtaja kama ushahidi kwamba filamu haina ubaguzi. Mhusika mmoja wa dakika chache hafuti saa mbili.

Filamu ya kwanza nayo ina ya kwake. Danila anamwambia mchuuzi wa makaburini kwamba hawapendi sana Wayahudi. Kwenye tramu, wanaume wawili wa kutoka Kaukazi, eneo la milima ya kusini, wanakataa kulipa faini ya tiketi, Danila anawatolea bastola. Mmoja anamsihi asimuue, anamwita kaka. Danila anamjibu kwamba yeye si kaka yake, na anaongeza tusi la rangi.

11. Basi Balabanov mwenyewe alikuwa mbaguzi?

Swali hili aliulizwa sana, na kwenye mahojiano alikuwa mtu wa majibu mafupi yasiyomridhisha mwandishi. Kwa hiyo tuamue kwa filamu zenyewe.

Katika *Brat* kamera inasimama kando. Tukio la kwenye tramu linatokea ndani ya filamu ambayo jina lake ni "Kaka", yenye kijana anayemwita kaka mtu anayemuuza, na anayemkana mtu anayemlilia kwa neno hilo hilo. Huwezi kuandika hivyo kwa bahati. Danila ni mbaguzi, na filamu inakuonyesha ubaguzi wake pamoja na upweke wake.

Katika *Brat 2* kamera imeungana na Danila. Inacheka naye, inatukana naye, na kwenye sinema ukumbi ulicheka pamoja nao. Mwenye kusema yote ni kejeli anipe tukio moja ambapo Danila anaonekana mjinga kwa chuki yake. Sijaliona.

12. Yule jambazi mweusi kwenye *Zhmurki* ni nani?

Ni Grigory Siyatvinda, mwigizaji wa jukwaani anayejulikana sana Moscow. Alizaliwa Tyumen, Siberia, na baba yake ni Mzambia. *Zhmurki* (Kibe, 2005) ni kichekesho cha damu kuhusu majambazi wa miaka ya tisini, na mhusika wake wanamwita "Bilingani" huku naye akizungumza Kirusi cha mtaani kuliko wote. Mzaha humo unawageukia wanaomtania. Humo pia yumo Nikita Mikhalkov, mwongozaji mkubwa, akiigiza bosi wa majambazi aliyevaa koti jekundu, na anafurahia kweli.

## Filamu ngumu

13. Kwa nini kila mtu ananionya kuhusu *Gruz 200*?

Kwa sababu onyo hilo ni la kweli. "Mzigo 200" ni jina la kijeshi la majeneza ya zinki yaliyorudisha maiti za wanajeshi kutoka Afghanistan. Ni mwaka 1984, mji wa viwanda. Kapteni wa polisi anamteka binti wa katibu wa Chama cha Kikomunisti na kumfungia nyumbani kwake, ambako mama mzee wa kapteni anatazama televisheni chumba cha pili. Mchumba wa binti huyo anarudi kwenye jeneza la zinki, na kapteni anajua la kufanya nalo. Zaidi ya hapo sitasimulia. Ina ubakaji na ina maiti. Mwenye jeraha la namna hiyo asiitazame, na hatakuwa amepungukiwa.

Waigizaji kadhaa wenye majina waliukataa mswada. Ilipotoka 2007 wakosoaji wa Kinotavr waliipa tuzo, wengine walitoka ukumbini. Kinachotisha zaidi kwangu ni nyimbo. Juu ya ukatili wote huo zinapigwa nyimbo tamu za pop za Kisovyeti, zilezile ambazo wakati filamu inatoka watu walikuwa wanazikumbuka kwa mapenzi. Balabanov aliitengeneza wakati wengi wakianza kusema zamani kulikuwa kuzuri.

14. *Pro urodov i lyudey* ni filamu ya ngono?

Hapana. Ni filamu kuhusu wafanyabiashara wa picha za ngono St. Petersburg mwanzoni mwa karne ya 20, wanavyoingia kwenye familia mbili za heshima na kuzimeza. Imepigwa kwa rangi ya kahawia ya picha za kale, na mwanzo wake ni bubu wenye maandishi. Sergei Makovetsky anaigiza mkubwa wao, Johann, mtu anayekula karoti na kutisha bila kupaza sauti. Filamu ilipata Nika, tuzo ya filamu ya Urusi, ya filamu bora na mwongozaji bora. Soma humo jinsi kamera yenyewe inavyokuwa chombo cha kuwaharibu watu.

15. *Kochegar* ina nini cha pekee?

Mzee Myakuti (Wayakuti ni watu wa kaskazini mashariki mwa Siberia), meja mstaafu wa vita vya Afghanistan, anachochea makaa kwenye chumba cha tanuru na kuandika hadithi kwa mashine ya chapa, kwa kidole kimoja. Wenzake wa zamani wa jeshini huleta maiti, humwambia ni za watu wabaya, na hutupa tanuruni. Yeye anaendelea kugonga herufi. Watoto wawili wa kike huja kumsikiliza. Gitaa la Didula linapigwa karibu muda wote, la furaha kabisa, huku watu wakitembea kwenye theluji kwenda kuua au kuuawa.

Mwigizaji ni Mikhail Skryabin, Myakuti mwenyewe. Utamkumbuka kutoka *Gruz 200*, ambako aliigiza Mvietnamu.

## Mambo ya pembeni

16. Sergei Bodrov mdogo alikufaje?

Tarehe 20 Septemba 2002 alikuwa kwenye bonde la Karmadon, Ossetia Kaskazini, akipiga filamu aliyoiongoza mwenyewe. Barafu kubwa ya Kolka iliporomoka ikalifunika bonde. Zaidi ya watu 100 walikufa, yeye na kikosi chake wakiwemo. Alikuwa na miaka 30. *Brat 3* ya Balabanov haikuwahi kuwapo.

17. Kuna filamu alizoziacha njiani?

Mbili zinatajwa sana. *Reka* (Mto), kuhusu jamii ya wagonjwa wa ukoma wa Kiyakuti, ilikatika baada ya ajali ya gari iliyomuua mwigizaji wake mkuu wa kike. Balabanov mwenyewe alikuwa ndani ya gari. Vipande vilivyopatikana viliunganishwa vikatolewa 2002. Hata hivyo vilivyo, ni miongoni mwa picha nzuri alizowahi kupiga. Nyingine ni *Amerikanets* (Mmarekani), iliyokwama Siberia ikaachwa. Alikuwa pia na wazo la filamu kuhusu ujana wa Stalin.

18. Ni kweli alijiigiza akifa?

(Onyo: mwisho.) Ndiyo. Katika *Ya tozhe khochu* (Nami nataka) ya 2012, kundi la watu linasafiri kwenda mnara wa kengele ambao huwachukua watu kwenye furaha. Wengine huchukuliwa, wengine huachwa. Mwishoni anatokea mtu mwenye begi, anajitambulisha kuwa mwongozaji wa filamu. Ni Balabanov. Mnara haumchukui, anaanguka hapohapo. Filamu ilionyeshwa kwenye tamasha la Venice mwaka huo, naye akafariki Mei iliyofuata, moyo ukiwa umemlemea. Alizikwa makaburi ya Smolenskoye, St. Petersburg.

19. Kwa nini *Brat 2* ilipigwa marufuku Ukraine?

Ilipigwa marufuku 2015, na humo Waukraine wanatukanwa waziwazi. Tangu 2022 ule msemo wa nguvu na ukweli umetumika kwenye mabango ya kuunga mkono vita. Balabanov alikuwa na miaka tisa kaburini. Hakuna anayeweza kumsemea. Lakini lililoandikwa swali la 11 linasaidia kueleza kwa nini filamu hiyo, na si *Gruz 200*, ndiyo iliyofaa mabango.

20. Nikiitafuta *Brat* mtandaoni naletewa filamu nyingine. Nifanyeje?

Andika kwa herufi za Kirusi, pamoja na mwaka: Брат 1997. Chagua yenye sauti ya Kirusi na tafsiri ya maandishi chini. Zile zilizofunikwa kwa sauti ya Kiingereza zinaua ukimya wa Danila, na ukimya ndio nusu ya uigizaji wake.